Pafomansi, video na instalesheni Nairobi: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ukurasa huu ni wa mtu aliyealikwa kwenye onyesho mjini, akafika, akakuta chumba cha giza, projekta inayovuma, rundo la nguo kuukuu pembeni na mtu mmoja amesimama kimya katikati, akatoka bila kujua aulize nini wala amuulize nani. Kazi yangu ni kuwatembeza wageni kwenye maonyesho, na haya ndiyo maswali wanayoniuliza. Mifano mingi nimeichukua kwa wasanii wa Kenya, maana tunao wa kutosha na wengi wetu hatujawahi kuwaona.

Msanii wa aina hii anafanya nini hasa?

Anatumia chochote kinachoweza kulibeba wazo lake. Pafomansi ni tendo ambalo msanii analifanya kwa mwili wake, mahali fulani, kwa muda fulani, mbele ya watu au mbele ya kamera. Video unaijua, ila hapa haitengenezwi kwa ajili ya sinema wala televisheni. Huchezwa chumbani, tena na tena, na wewe unaingia popote ilipofika. Instalesheni ni kazi unayoingia ndani yake: vitu, sauti, mwanga na nafasi vimepangwa hivi kwamba hata namna unavyotembea humo ni sehemu ya kazi.

Wengi hawachagui moja. Mtazame Syowia Kyambi, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1979 na kusomea sanaa Chicago. Ana mhusika wake aitwaye Kaspale, mkorofi, mpenda utani, asiyeheshimu mlango uliofungwa. Mwaka 2019 Kaspale aliingia katika hifadhi ya makumbusho ya MARKK, Hamburg, kwenye onyesho lililohusu kituo cha utafiti cha Amani, ambacho Wajerumani walikianzisha mwaka 1902 katika Milima ya Usambara. Anachomoza ndani ya picha za zamani, mahali ambapo mpiga picha wa kikoloni hakuwa amempangia nafasi. Hapo kuna pafomansi, kuna picha, kuna hifadhi ya makumbusho iliyogeuzwa jukwaa, na ukijaribu kuvitenganisha unaipoteza kazi yenyewe.

Ina tofauti gani na mchezo wa kuigiza?

Mwigizaji hujifanya anaumia. Kwenye pafomansi, msanii akibeba jiwe saa nzima, mabega yanayouma ni yake. Akinyoa nywele, zimenyolewa na kesho ataamka bila nywele. Ndiyo maana mara nyingi hakuna mazungumzo yaliyokaririwa, wala mtu wa kumshangilia mwishoni.

Ingrid Mwangi alizaliwa Nairobi mwaka 1975, mama Mjerumani na baba Mkenya, akahamia Ujerumani akiwa kijana. Katika kazi yake ya mwaka 2001, Static Drift, aliweka kiolezo tumboni na kuianika ngozi juani mpaka umbo la ramani likajichora lenyewe. Katika picha moja ni Afrika, katika nyingine ni Ujerumani. Hakutumia rangi wala kalamu. Mtu aliyezaliwa huku na kukulia kule, anayeulizwa kila siku ametoka wapi, ameliacha jua lijibu juu ya ngozi ileile inayowafanya watu waulize. Siwezi kufikiria mchoro wa mafuta ambao ungesema hivyo kwa nguvu hiyo. Baadaye yeye na mumewe Robert Hutter waliunganisha majina yao, wakawa wanafanya kazi kama msanii mmoja.

Video haina hadithi. Nitazame nini?

Anza na kile kinachofanyika, kabla ya kutafuta maana yake. Wangechi Mutu, mzaliwa wa Nairobi mwaka 1972, ana video ya mwaka 2005 iitwayo Amazing Grace. Amevaa nguo nyeupe, anatembea polepole kuelekea baharini, na sauti yake inauimba wimbo huo wa kanisani kwa Kikuyu. Ukiisimulia kwa simu ni sentensi moja tu.

Lakini kaa. Wimbo huo unaujua, umeuimba matangani na Jumapili. Maneno yake ya kwanza yaliandikwa na John Newton, Mwingereza aliyekuwa nahodha wa meli za kubeba watumwa kabla ya kuwa kasisi. Sasa mwanamke Mwafrika anauimba kwa lugha ya nyumbani kwao huku akiyaingia maji yale ambayo meli zile zilipita. Maji yanapanda, nguo inalowa na kuwa nzito. Unaanza kujiuliza kama anakwenda kubatizwa, anakwenda kuwatafuta waliozama, au anarudi kwao. Video haikujibu, na haikufichi kitu pia. Kila kilichomo umekiona.

Ushauri wangu ni ukae mpaka video irudie pale ulipoingilia, kisha uitazame tena kidogo. Mara ya kwanza jicho linasubiri tukio. Mara ya pili linaanza kuona.

Kwani haya si mambo ya wazungu?

Swali hili huulizwa kwa sauti ya chini, na mimi hulipenda, kwa sababu linastahili jibu la kweli.

Mtu aliyekulia Nairobi anajua mwili wa mtu mahali pa wazi unaweza kusema nini. Februari 1992 akina mama wa wafungwa wa kisiasa waliketi Uhuru Park na kufunga kula, wakidai watoto wao waachiliwe. Polisi walipowavamia tarehe 3 Machi, baadhi yao walivua nguo, na askari waliojua maana ya mama kufanya hivyo mbele ya vijana wa rika la wanawe walijua wanalaaniwa. Hiyo haikuwa sanaa na si haki kuiita sanaa. Yalikuwa maisha ya watoto wao. Mei 2013 waandamanaji waliwamwaga nguruwe na damu kwenye lango la Bunge, wabunge walipokuwa wanataka kuongezewa mshahara. Hayo pia yalikuwa siasa. Ila msanii wa Nairobi anayesimama kimya barabarani leo anasimama mbele ya watu wenye kumbukumbu hizo, na hana haja ya kuazima ujasiri kutoka New York.

Kilicho cha kigeni kwa kiasi kikubwa ni fedha. Kwa miaka mingi nafasi na ruzuku za kazi hizi zimetoka kwenye taasisi za utamaduni za nje, kama Goethe-Institut na Alliance Française. Zimefanya kazi nzuri, na nazishukuru. Lakini anayelipia ukumbi huwa na kauli juu ya kinachoonyeshwa humo, na swali la uzungu lingeulizwa vizuri zaidi hapo kuliko kwenye kazi zenyewe.

Kwa nini kazi kubwa za Wakenya zinaonekana Ulaya kwanza?

Hili ndilo linaloniuma kuliko yote.

Mwaka 2022 Kassel, Ujerumani, ilikuwa na documenta, moja ya maonyesho makubwa kabisa ya sanaa duniani, ambayo hufanyika kila baada ya miaka mitano. Kundi la Nest Collective la Nairobi lilijenga banda kwa marobota ya nguo na vitambaa vilivyotupwa, katikati ya bustani ya Karlsaue, nyasi zimekatwa vizuri na miti imepangwa mstari. Ndani ya banda ikachezwa video kuhusu biashara ya mitumba. Kazi iliitwa Return to Sender. Kila Mkenya ameshawahi kuliona robota likifunguliwa Gikomba asubuhi, watu wameinama, mikono inachambua, na ameziona pia zile nguo za chini kabisa ambazo hakuna mnunuzi, zinazoishia jalalani na mtoni. Hapo sina malalamiko: kazi inayomrudishia mtumaji mzigo wake ilipaswa kusimama kwa mtumaji.

Maonyesho hayohayo yalikuwa na Wajukuu Art Project kutoka Lunga Lunga, Mukuru, mtaa wa mabanda wa Nairobi. Waliufunika mlango wa ukumbi wa documenta Halle kwa njia ya mabati yaliyoshika kutu, mgeni anaingia kwenye giza kama anavyoingia nyumba ya Mukuru au manyatta, kabla macho hayajazoea. Mwaka huo walipewa Tuzo ya Arnold Bode. Watoto wa mtaa ule ndio wangeielewa njia ile kuliko mtu yeyote wa Kassel, na wengi wao waliijua kupitia picha za simu.

Sababu ni za kawaida, wala si laana. Kazi ya ukubwa huo inataka ukumbi mrefu, bima, mafundi wa kulipwa, projekta nyingi kwa miezi mitatu na mtu mwenye mshahara wa kuisimamia. Fedha zinazoendesha jambo kama hilo Ulaya ni za serikali na miji yao. Huku kwetu hata pale jina la nchi lilipohusika tuliwahi kulegea: mwaka 2013 banda la Kenya katika Biennale ya Venice, maonyesho makubwa ya sanaa nchini Italia, lilijaa wasanii kutoka China, na mwaka 2015 orodha ikawa ya namna hiyohiyo mpaka wasanii wakapiga kelele na serikali ikajitoa. Mwaka 2022 tulisimama kwa miguu yetu, na Dickens Otieno, Syowia Kyambi, Kaloki Nyamai na Wanja Kimani, chini ya usimamizi wa Jimmy Ogonga. Kelele za wasanii zilizaa kitu.

Nilisikia Makumbusho yaliweka makabati matupu. Yalimaanisha nini?

Hilo lilikuwa onyesho la mwaka 2021 katika Makumbusho ya Taifa, Nairobi, lililotokana na mradi wa kuorodhesha vitu vya Kenya vilivyoko ng'ambo. Wasanii wa Nest na wa kundi la SHIFT walifanya kazi na wataalamu wa Makumbusho yetu na makumbusho mawili ya Ujerumani, ya Köln na Frankfurt. Walichokusanya ni kumbukumbu za vitu zaidi ya 32,000 vilivyomo katika taasisi za Ulaya na Marekani.

Kabati la kioo lisilo na kitu ni instalesheni kamili. Umelipa kiingilio, umesogea, umeinama kusoma kibandiko, na unajiona mwenyewe kwenye kioo. Mtu wa Tana River akisimama hapo anaweza kuifikiria Ngadji, ngoma takatifu ya Wapokomo, iliyochukuliwa na maofisa wa Kiingereza mwaka 1902 na ambayo imekaa ghalani British Museum kwa zaidi ya karne. Orodha ya kurasa elfu isingemfanya ahisi hivyo. Ukitaka kumweleza rafiki yako kwa nini instalesheni ipo, mweleze makabati yale.

Niende wapi nikitaka kuona Nairobi?

Nairobi Contemporary Art Institute (NCAI), iliyoanzishwa mwaka 2020 na mchoraji Michael Armitage, iko Rosslyn Riviera, Barabara ya Limuru. Haifanyi biashara ya kuuza kazi, kwa hiyo inaweza kuonyesha hata zile zisizouzika. Circle Art Gallery ni ya biashara na huwa na video mara kwa mara. Goethe-Institut na Alliance Française ziko katikati ya jiji, unashuka matatu na kutembea. Kwa studio, nenda Kilimani kwa wasanii wa Kuona, au Kibera kwa Maasai Mbili. Kituo cha sanaa cha GoDown, kilichofunguliwa mwaka 2003 kwenye maghala ya Dunga Road, kilikuwa nyumba ya wengi katika taaluma hii.

Galari nyingi hazitozi kiingilio, Makumbusho hutoza. Pafomansi huwa ya jioni moja tu, aghalabu siku ya ufunguzi, kwa hiyo fuatilia kurasa za wasanii wenyewe kwenye mitandao. Ukisubiri gazeti utasoma habari ya jana.

Naruhusiwa kugusa? Kupiga picha? Kuondoka katikati?

Usiguse mpaka uambiwe. Picha uliza mlangoni, na mwanga wa kamera uzime daima, hasa kwenye chumba cha video. Kuondoka ni ruhusa, watu huingia na kutoka. Msanii akikutazama machoni wakati wa pafomansi huna wajibu wa kufanya lolote. Akikukabidhi kitu, unaweza kukipokea au kukataa kwa kichwa, na hakuna atakayekulaumu. Watoto waje. Ila uliza kwanza kama kuna uchi au damu.

Natengeneza video yangu ya kwanza. Niiweke vipi chumbani?

Anza na giza. Projekta ya lumeni 3,000 (kipimo cha mwanga wake) inatosha chumba kidogo ikiwa dirisha limezibwa kwa kitambaa cheusi kizito, na haitoshi kabisa ikiwa pazia ni la kawaida, maana jua la Nairobi saa nane mchana litaifuta picha yako. Projekta ikae juu, nyuma ya vichwa vya watu, isiwapige kivuli. Ukuta upakwe rangi nyeupe isiyong'aa.

Usiache kompyuta yako ya mkononi ndiyo ichezeshe. Italala, italeta ujumbe katikati ya picha, na mtu ataigusa. Tumia kifaa kidogo kinachosoma faili moja kwa moja na kuanza chenyewe stima ikirudi, kwa sababu stima itapotea, pengine saa ya ufunguzi. Faili iwe moja, mwisho wake umeshonwa na mwanzo wake ili mrudio usionekane. Mwachie mlinzi maelezo kwa Kiswahili rahisi, karatasi moja: kuwasha hivi, kuzima hivi, ikikwama piga namba hii. Mlinzi ndiye atakayekaa na kazi yako kuliko mtu mwingine yeyote, na ndiye atakayeulizwa ina maana gani. Mweleze.

Sauti watu huisahau. Spika mbili nzuri zilizowekwa usawa wa masikio ya mtu aliyeketi zinashinda nne za kelele zilizotupwa sakafuni. Na weka benchi. Mtu aliyesimama hutazama dakika mbili.

Msanii analipwaje ikiwa hakuna cha kutundika ukutani?

Kuna ada ya kufanya pafomansi, ambayo inapaswa kuandikwa kando na nauli na gharama za vifaa. Kuna ruzuku, na kuna mialiko ya kukaa mahali na kufanya kazi kwa miezi kadhaa. Kuna tuzo: mwaka 2020 Jackie Karuti wa Nairobi, anayefanya michoro, video na instalesheni, alishinda Henrike Grohs Art Award, yenye zawadi ya euro 20,000. Wengine huuza picha za tukio, michoro ya maandalizi, au hufundisha.

Video nayo inauzwa. Msanii huamua nakala zitakuwa ngapi, aghalabu tatu au tano, na nyingine moja au mbili za kwake. Mnunuzi hupata faili, cheti kilichosainiwa na maelezo ya namna ya kuionyesha. Nakala zikiisha zimeisha, hata kama kipande cha video kinaonekana kwenye simu ya kila mtu.

Kumwalika msanii afanye kazi bure "ili ajulikane" ni kumdhulumu. Mpishi wa sherehe hiyohiyo analipwa, na mwenye viti analipwa.

Nahitaji kibali kufanya pafomansi mtaani?

Ukiwa barabarani au kwenye bustani ya umma, zungumza na kaunti mapema. Kupiga filamu na kuionyesha hadharani kunahusika na Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, na ina meno: mwaka 2014 filamu ya Nest, Stories of Our Lives, ilikataliwa kuonyeshwa nchini huku ikizunguka kwenye matamasha ya nje. Weka nakala za barua zote mfukoni siku ya tukio, na uwe na mtu mmoja ambaye kazi yake ni kuongea na askari tu.

Kazi ikiisha inabaki wapi?

Mara nyingi, kwenye diski ya msanii iliyoko chini ya kitanda. Tumepoteza mengi hata ya vitu vinavyoshikika. Paa ya Paa, kituo alichokianzisha Elimo Njau na wenzake mwaka 1965, kiliungua mwaka 1997. Gallery Watatu, iliyofunguliwa mwishoni mwa miaka ya 1960, ilishafunga milango yake. Michoro angalau huacha fremu. Pafomansi ya miaka ya mwanzo ya 2000 imebaki kwenye kanda ndogo za MiniDV, na mashine za kuzisoma zinazidi kuwa adimu mjini.

Kilichobaki kinaweza kuhifadhiwa, kama tutafanya sasa: video nzima bila kukatwa, picha, vazi au kifaa kilichotumika, mchoro wa chumba wenye vipimo, na maelezo ya msanii kuhusu kama tendo linaweza kurudiwa na mtu mwingine au la. Maelezo hayo ya mwisho huachwa na karibu kila mtu, na bila hayo hakuna makumbusho yatakayoweza kuiamsha kazi baadaye.

Nina kanda ya pafomansi ya zamani. Nifanye nini nayo?

Usijaribu kuicheza kwenye kamera iliyokaa kabatini miaka kumi, inaweza kuikata. Iweke mahali pakavu, isimame wima, mbali na spika. Andika kwenye karatasi, si kwenye kanda, unachokikumbuka: ilikuwa wapi, mwaka gani, nani alikuwepo, nini kilitokea kabla kamera haijawashwa. Kisha mtafute msanii kwanza, kwa kuwa haki ni yake, na mkubaliane nani ataibadilisha iwe faili. Mkishaipata, hifadhini nakala tatu, moja ikae nyumba nyingine. Baada ya hapo mpigieni simu maktaba ya NCAI au Makumbusho ya Taifa, muulize wanapokea vitu vya aina hiyo kwa masharti gani.